Octavia St. Laurent: maswali mnayouliza kila siku

Haya maswali yanarudi kila mtu akimaliza kuangalia Paris Is Burning kwa mara ya kwanza, kwaiyo nimeyakusanya sehemu moja. Penye mengi ya kusema nimeandika kwa kirefu, pengine nimepita haraka tu.

Octavia St. Laurent alikuwa nani?

Alikuwa mwanamke transijenda, yaani alipozaliwa aliandikwa mvulana lakini ni mwanamke, Mmarekani mweusi, mzaliwa wa Brooklyn, New York, tarehe 16 Machi 1964. Alikuwa modo, mshindani wa bolurumu (nazieleza hapo chini) za Harlem, mtaa wa watu weusi New York, na baadae akawa mtu wa kuelimisha wenzie kuhusu UKIMWI. Wengi wanamjua kwa vile vipande vyake kwenye Paris Is Burning, ile dokumentari ya Jennie Livingston kuhusu bolurumu za New York iliyotoka 1990, yule binti mwenye sauti ya taratibu anaesema bila kuficha kwamba anataka kuwa tajiri na maarufu, watu wakimuona wajue huyu ni Octavia. Alifariki 17 Mei 2009 huko Syracuse, jimbo hilohilo la New York, kansa ndo iliyomuondoa, alikuwa na miaka 45.

Kinachoniuma mimi ni kwamba watu wengi wanamuacha palepale 1990, binti mrembo anaeota ndoto, basi, wanafunga. Wakati miaka karibu 20 iliyofuata ndo imebeba kazi yake kubwa zaidi, kazi ya kusimama mbele ya kamera akiwa ameshachoka na maisha na kusema mambo ambayo staa yeyote angelipa pesa yasijulikane.

Bolurumu ndo nini sasa? Ni disko?

Hapana, ni mashindano. Watu weusi na Walatino wa New York, wengi wao mashoga na transijenda, wanakodi ukumbi, wanaweka meza ya majaji mbele, emsii anashika kipaza sauti, alafu zinatangazwa kategori moja baada ya nyingine, kuna ya kutembea kama modo, kuna ya mavazi, kuna ya kucheza vogu, ile dansi ya pozi za modo, kuna ya sura tu. Unatoka, unatembea mbele ya majaji, wanakupa alama, kumi ndo ya juu, asiyefika anatolewa palepale mbele ya watu wote na shoo inaendelea. Mwisho kuna kombe, na makombe yenyewe mengine ni marefu kuliko aliyeshinda. Zilikuwa zinaanza usiku mnene na kuisha asubuhi, na kumbi maarufu za miaka ya 80 zilikuwa Harlem.

Historia yake ni ndefu kuliko watu wanavyodhani. Harlem ilikuwa na dansi kubwa za kuvaa mavazi ya jinsia nyingine tangu karne ya 19, zile za Hamilton Lodge, na miaka ya 1920 maelfu walikuwa wanajaa kuangalia. Tatizo lilikuja kwenye mashindano ya urembo ya baadae ambako weusi walikuwa wanashiriki lakini taji linaenda kwa weupe. Mwaka 1967 Crystal LaBeija, mrembo mweusi, alishindwa kwenye shindano moja pale New York na hakukubali kunyamaza, akasema mbele ya kamera kwamba matokeo yamepangwa, na hiyo ipo kwenye dokumentari ya The Queen ya 1968 mtu yeyote anaweza kuiona. Miaka ya 70 yeye na rafiki yake Lottie wakaanza kuandaa mashindano ya watu wao wenyewe, wakajiita House of LaBeija, na hapo ndo mfumo wa nyumba, yaani familia za kujiundia zinazoshindana pamoja, ulipozaliwa.

Mbona wanaitana mama na watoto?

Kwa sababu ndivyo walivyokuwa wanaishi. Kijana anafukuzwa kwao akiwa na miaka 14, 15, kwa vile alivyo, anaishia mtaani New York au kwenye zile gati za Mto Hudson, anakutana na mtu mkubwa kidogo aliyepitia hayohayo na huyo mtu anamwambia njoo, kula, lala hapa. Huyo ndo mama. Angie Xtravaganza alikuwa mama wa House of Xtravaganza akiwa bado kijana wa miaka ishirini na kitu, ana watoto wanaolingana nae umri, na walimheshimu kama mzazi kweli. Mama anafundisha kutembea, kupaka mekapu, kushona, kujilinda na mapolisi, kwenda kupima, na anasema nae mtoto akikosea. Mashindano ni sehemu inayoonekana tu, huko nyuma ni ulezi.

Na wana mdomo hao. Kuna sanaa yao nzima ya kumchambua mtu kwa maneno, unamtaja kasoro yake kwa ustadi mpaka ukumbi unalipuka, na nae anatakiwa ajibu. Aliyekulia kwenye mipasho ya taarab hahitaji kueleweshwa hapo, ni kitu kilekile.

Kwaiyo St. Laurent sio jina la baba yake?

Sio. Ni jina la nyumba yake, House of St. Laurent, na hiyo nyumba ilichukua jina la mbunifu wa Ufaransa Yves Saint Laurent. Nyumba nyingine zilichukua jina la mwanzilishi, kama LaBeija, Corey, Dupree, Ninja. Baadae Octavia alihamia nyumba ya Manolo Blahnik, ndo maana sehemu nyingine utakuta ameandikwa Octavia St. Laurent Manolo Blahnik, na kwengine alijiita Heavenly Angel Octavia St. Laurent. Wote ni mtu mmoja.

Alikuwa drag queen?

Hapana, na naomba hili tuelewane vizuri. Drag queen anavaa kike kwa ajili ya shoo, shoo ikiisha anavua anarudi maisha yake. Octavia alikuwa mwanamke saa zote, asubuhi sokoni na usiku stejini. Kwenye bolurumu wanawake transijenda wana kategori zao na wanaitwa femu kwini, tofauti kabisa na mashoga wanaovaa kwa ajili ya usiku ule.

Alikuwa anashindana kategori gani?

Uwanja wake ulikuwa urembo, sura na kutembea kama modo. Kategori ya sura watu wanaidharau wakidhani ni kusimama na kutabasamu. Kule majaji wanakusogelea, wanaangalia ngozi, meno, macho, umbo la pua na midomo, na kuna jaji anachukua kitambaa cheupe anakupangusa shavuni kuona kama kuna poda iliyofunika kitu, kitambaa kikitoka na rangi umekwisha. Wewe muda wote huo unatakiwa uuze, unaizungusha mikono kuzunguka uso, unageuza shingo, unavuta nywele nyuma kuonyesha kwamba hakuna kilichofichwa, na pembeni yako kuna mwenzio anafanya hivohivo akitaka kombe lilelile.

Kuna na kategori ya uhalisia, ya kupita kama mwanamke yeyote mtaani bila mtu kugeuka. Hiyo haikuwa mchezo kabisa. Mwanamke transijenda aliyeshindwa kupita kwenye treni ya saa nane usiku kurudi nyumbani alikuwa kwenye hatari ya kupigwa au kuuawa, kwaiyo majaji walipokuwa wakali kwenye ile kategori walikuwa wanakuambia ukweli utakaokusaidia nje ya mlango. Venus Xtravaganza, mwenzao, ambae nae yuko kwenye filamu, aliuawa kwa kunyongwa hotelini New York mwaka 1988 akiwa na miaka 23 na aliyemuua hajawahi kujibu mahakamani.

Kwenye Paris Is Burning anafanya nini hasa?

Kuna sehemu mbili mimi nashauri uziangalie zaidi ya mara moja. Ya kwanza yuko chumbani kwake, ukutani kabandika picha za Paulina Porizkova, modo mkubwa wa kipindi hicho, kila kona ni Paulina, na Octavia anamuongelea kama mtu anaeongelea dada yake aliyefanikiwa, hana wivu hata chembe, anataka tu siku moja wawe sehemu moja. Ya pili yuko kwenye usaili wa kutafuta modo wapya, ule wa Eileen Ford, mwanzilishi wa wakala mkubwa wa modo New York. Wapo mabinti wengi wamekuja na mama zao, na yeye yuko katikati yao, mrefu, mtulivu, uso umeoshwa, na hakuna anaejua kwamba huyu ana historia tofauti.

Hiyo sehemu ya pili naiona ni jasiri kuliko kitu chochote kwenye filamu nzima. Kwenye ukumbi wa Harlem ukifeli unafeli mbele ya ndugu zako. Pale alikuwa amebeba uzuri uleule waliompa kumi wenzake na kuupeleka kwa watu ambao wangejua wangemtoa mlangoni.

Alipata dili la umodo?

Sio kama alivyotaka. Ile kava ya jarida haikuja. Na kabla hujasema labda hakuwa na kiwango, msome Tracey Norman, mwanamke transijenda mweusi kutoka Newark aliyefanya umodo miaka ya 70 bila watu kujua, sura yake ikawekwa kwenye boksi la rangi ya nywele ya Clairol, boksi likauzwa miaka na miaka madukani Marekani nzima. Siku moja kwenye kazi ya kupiga picha mtu akamtambua akatoa siri, kazi zikakauka. Akaishia kwenye bolurumu nae, House of Africa. Kwaiyo mlango ulikuwa umefungwa na wenye ufunguo walikuwa wanajulikana, uzuri haukuwa na shida yoyote.

Octavia alipata kipande kidogo kwenye sinema ya The Saint of Fort Washington ya 1993, ile ya Danny Glover na Matt Dillon. Baada ya hapo taa zikahamia kwengine.

Si filamu ilipata pesa nyingi? Wao walilipwa ngapi?

Filamu ilishinda tuzo kuu ya dokumentari kwenye tamasha la filamu la Sundance mwaka 1991, ikaingiza karibu dola milioni 4 kwenye majumba ya sinema, ambazo kwa dokumentari ya kipindi kile ni nyingi mno. Washiriki walikuwa wamesaini karatasi za kuruhusu wapigwe picha, kwaiyo kisheria hawakuwa na chao. Paris Dupree, ambae shindano lake ndo limetoa jina la filamu, alitaka kudai dola milioni 40 ikashindikana kwa sababu ya hizo karatasi. Mwisho zikagawanywa kama dola 55,000 kwa watu 13 kulingana na muda ambao kila mmoja ameonekana. Piga hesabu mwenyewe.

Hasira yao naielewa kabisa. Mwandishi bell hooks aliikosoa hii filamu mapema, kwamba mtengenezaji ni mzungu aliyetoka nje na anaangalia maisha ya weusi maskini kama maonyesho, yeye mwenyewe haonekani na haulizwi. Upande mwingine bila ile kamera sura ya Octavia, ya Venus, ya Angie, ya Dorian Corey wa House of Corey tusingekuwa nayo leo, na Livingston alihangaika miaka kutafuta hela ya kuimalizia kazi yenyewe. Yote mawili ni kweli na mi sioni haja ya kuchagua moja, ila nasema hivi, watu waliofanya filamu iwe nzuri walistahili kulipwa kabla hawajaanza kudai.

Mnamuita mtetezi, alitetea nini?

Hapa ndo nilipotaka tufike.

Mwaka 2006 ilitoka dokumentari nyingine, How Do I Look, ya Wolfgang Busch, iliyopigwa kwa miaka mingi na watu wa bolurumu wenyewe wakishirikishwa kwenye kuitengeneza. Octavia yumo, mkubwa sasa. Na humo anaongea kuhusu virusi vya UKIMWI mwilini mwake, kuhusu madawa ya kulevya aliyotumia, kuhusu kuuza mwili ili aishi. Anaongea mwenyewe kwa mdomo wake, hajasemewa.

Fikiria ni nani anaesema. Ni mtu ambae jina lake lote limejengwa juu ya urembo, kwenye jamii ambayo urembo ndo pesa na ndo cheo, na ugonjwa wenyewe ulikuwa unamnyima mtu hata salamu. Angeweza kubaki na ile picha ya 1990 mpaka anaingia kaburini, watu wangemkumbuka binti mzuri wa chumba cha Paulina. Akachagua kuitumia sura hiyohiyo kuvuta vijana wasikilize habari ya kupima, ya kondomu, ya kumeza dawa. Mtoto wa nyumba wa miaka 17 hamsikilizi daktari mwenye koti jeupe, lakini Octavia akisema anasikiliza, kwa sababu huyo ndo aliyemuona akajua inawezekana kuwa hivi alivyo.

UKIMWI na bolurumu vinaingiliana vipi?

Vinaingiliana kwa misiba. Ugonjwa uliripotiwa kwa mara ya kwanza Marekani 1981, dawa ya kwanza AZT ikaruhusiwa 1987, bei yake haishikiki na nguvu yake ndogo, na zile dawa za mchanganyiko zinazofanya mtu aishi zikaja 1996. Hiyo miaka katikati ilifagia nyumba nzima nzima. Angie Xtravaganza alifariki 1993, bado hajafika hata miaka 30. Dorian Corey alifariki mwaka huohuo. Hata baada ya dawa kuja misiba iliendelea, Willi Ninja, mtu aliyeipeleka vogu duniani, alifariki 2006. Unapoona neno mama kwenye hizi habari kumbuka na hilo, mama alikuwa anauguza na kuzika, kwa sababu familia nyingi za kuzaliwa zilikuwa hazitaki hata kuja.

GMHC, shirika la New York la kupambana na UKIMWI, waliona kwamba vipeperushi havifiki huku, wakaunda nyumba yao, House of Latex, wakaingia kwenye mashindano kama wengine, alafu wakawa wanaandaa Latex Ball kila mwaka ambako unashindana na pembeni kuna kondomu na watu wa kukupima. Ni njia ile Octavia aliyokuwa nayo, ujumbe unapita kwa watu wenyewe, kwenye usiku wao.

Kwanini kuandika habari za madawa na kuuza mwili? Si mnamchafua?

Alisema mwenyewe, na alisema kwa makusudi. Binti transijenda mweusi wa miaka ile akienda kuomba kazi kitambulisho kina jina lingine na picha nyingine, mwenye duka anamuangalia mara mbili na kazi inaota mbawa. Kodi ya nyumba haisubiri. Sasa wewe ukimfutia hiyo sehemu unabakia na urembo bila bei yake, na watu waliomlazimisha kulipa hiyo bei wanatoka wasafi. Mimi sitamfutia.

Alifanya operesheni?

Hili linaulizwa kuliko yote na jibu lake ni fupi, halituhusu.

Madonna si ndo kaanzisha vogu?

Hapana jamani. Wimbo wake umetoka 1990, vogu ilikuwa Harlem na kwenye gati za New York miaka mingi kabla, na wachezaji wawili waliomfundisha na kuonekana kwenye video, Jose Gutierez na Luis Camacho, ni watoto wa House of Xtravaganza. Miondoko yenyewe imetoka kwenye pozi za modo kwenye majarida, ndo maana mikono inazunguka uso kama fremu.

Kaacha nini?

Mwaka 2021 Leyna Bloom, mwanamke transijenda mweusi mwenye asili ya Ufilipino vilevile, mtoto wa bolurumu kabisa, alitokea kwenye kava ya jarida la Sports Illustrated toleo la nguo za kuogelea. Miaka 12 baada ya Octavia kufariki. Nilipoiona sikuwaza kitu kingine, ile kava aliyokuwa anaiota chumbani kwake hatimae imefika kwa mtu wa nyumba, sio yeye, ila wa kwao.

Alafu kuna Pose, tamthilia iliyoanza 2018 ikaisha 2021, inaonyesha Harlem hiyohiyo kuanzia 1987, na safari hii wanawake transijenda wanaigizwa na wanawake transijenda, Mj Rodriguez, Dominique Jackson, Indya Moore, Hailie Sahar, na wanalipwa kama waigizaji. Mj akachukua tuzo ya Golden Globe 2022, mwanamke transijenda wa kwanza kuipata. Paris Is Burning yenyewe iliwekwa kwenye hifadhi ya taifa ya filamu ya Marekani mwaka 2016, kwaiyo Octavia na picha zake za Paulina wanatunzwa na serikali ileile ambayo miaka ya 80 ilikuwa inaangalia pembeni watu wake wakifa.

Nianze kuangalia nini?

Anza na Paris Is Burning, ni kama saa moja na robo tu, usiikatishe. Kisha usikae wiki kabla hujatafuta How Do I Look, kwa sababu ukichelewa utabaki na Octavia mmoja. Ukipata muda ongeza The Queen umuone Crystal LaBeija akigoma. Pose iache ya mwisho, utaifaidi zaidi ukishawajua wenyewe.